Kabla Hujasaini: Mudiay, Thabeet na Sisi wa Ukanda wa Dhahabu

(Hii ni mada niliyoitoa kwenye kikao cha vijana wetu wa Shinyanga na Geita, Kahama. Waliokosa nafasi ya kuja wameomba maandishi. Nimeiandika karibu kama nilivyoisema, nimetoa tu makelele ya katikati.)



Nimepewa dakika arobaini, na mwenyekiti ameshaniangalia saa, kwa hiyo naingia moja kwa moja. Nilipoambiwa nichague mada mwenyewe nikasema nitaongelea mpira wa kikapu. Katibu akacheka. Akasema, dada, watu wanasubiri uwape sheria ya uchaguzi, wewe unataka kuwapeleka uwanjani? Nikamwambia sheria ya uchaguzi wanaijua, wameijifunza kwa maumivu. Sheria ya mikataba ndiyo hawaijui, na hiyo inawala kila siku, mwaka wa uchaguzi na mwaka usio wa uchaguzi.

Kwa hiyo leo tunamfuata mchezaji mmoja tangu anasaini karatasi ya kwanza mpaka ya mwisho tunayoijua vizuri. Anaitwa Emmanuel Mudiay. Ni Mkongo, kazaliwa Kinshasa tarehe 5 Machi 1996. Anacheza nafasi ya pointi gadi. Kwa wale ambao kikapu wanakiona tu kwenye UMISSETA: pointi gadi ndiye anayepanda na mpira kutoka nyuma, anaangalia uwanja, anaamua nani apewe na kwa wakati gani. Si lazima awe mrefu kuliko wote. Kwenye NBA amewahi kuwepo mtu anaitwa Muggsy Bogues, futi 5 na inchi 3, yaani wengi wenu humu mnamzidi, na alicheza ligi ile misimu 14. Nalisema hili kwa sababu huku kwetu mwalimu wa michezo akiingia darasani anatafuta mrefu. Akimkosa mrefu anasema shule haina timu.

Turudi kwa Mudiay. Baba yake alifariki yeye akiwa mtoto mdogo sana. Vita ya pili ya Kongo ilianza mwaka 1998, na sisi tulio jirani tunajua ilivyosukuma watu. Kambi ya Nyarugusu pale Kasulu mpaka leo ina Wakongo. Mama yake Mudiay alikimbia nchi, akaomba hifadhi Marekani, na watoto wake watatu wa kiume wakamfuata. Familia ikaishia Arlington, Texas. Mtoto wa miaka mitano au sita hivi, anaongea Kifaransa, anaingia shule ya Kiingereza. Kaka zake wanacheza kikapu, na yeye anacheza nyuma yao.

Kufika 2014 huyu dogo alikuwa miongoni mwa vijana bora kabisa wa sekondari Marekani nzima. Vyuo vikuu vinamgombania. Akachagua Southern Methodist, chuo kilichopo Dallas, karibu na nyumbani, ambapo kaka yake alikuwa anacheza na kocha alikuwa Larry Brown, mtu mwenye jina kubwa. Kila kitu kimepangwa. Halafu Julai 2014 akatangaza kwamba haendi chuo. Anaenda China.

Sasa hapa nataka mnisikilize kwa makini, kwa sababu hapa sheria inaingia.

Tangu 2005 NBA ina kanuni kwamba kijana wa Marekani haruhusiwi kuingia moja kwa moja kutoka sekondari. Lazima awe anatimiza miaka 19 ndani ya mwaka wa drafti na uwe umepita mwaka mmoja tangu darasa lake limalize. Mwaka huo wa katikati, wengi wanaupitisha chuoni. Na chuoni, kwa wakati ule, mchezaji alikuwa halipwi. Anapewa ada, chakula na malazi. Chuo kinauza tiketi, kinauza haki za televisheni, kocha analipwa mamilioni ya dola, na yule anayeruka juu kufunga harusiwi hata kuuza jezi yenye jina lake. Mkiambiwa hivyo mnakumbuka nini? Mimi nilikumbuka duara. Kuna mtu ana leseni, kuna mtu ana karasha, kuna mtu ana mwalo, na kuna mtu yuko chini mita sitini anachimba kwa ahadi ya kugawiwa viroba. Siku mawe yakitoka vizuri ndiyo unaanza kusikia hesabu mpya ambazo hukuzisikia wakati unashuka.

Mudiay akasema wazi kwamba amechoka kumwona mama yake anahangaika. Klabu ya Guangdong Southern Tigers ikampa mkataba wa dola milioni 1.2 kwa msimu mmoja. Kampuni ya Under Armour nayo ikamsainisha mkataba wa viatu. Alikuwa na miaka 18.

Kuna watu walimsema vibaya. Wakasema amekimbia masomo. Wengine wakasema ukweli ni kwamba shule yake ya sekondari, Prime Prep, ilikuwa na utata, kwa hiyo huenda asingeruhusiwa kucheza chuoni. Utata ulikuwepo kweli, na shule yenyewe ilifungwa Januari 2015. Lakini mimi kama mwanafunzi wa sheria naona jambo moja kubwa kuliko yote hayo: alikuwa mtu mzima kisheria, amepima mikataba miwili mezani, mmoja unamlipa na mwingine haumlipi, akachagua. Huko China aliumia kifundo cha mguu mapema. Klabu ikaleta mchezaji mwingine wa nje kuziba nafasi yake. Alirudi kwenye mechi za mtoano, na kwa jumla alicheza mechi 12 tu, kwa wastani wa pointi kama 18 kila mechi. Juni 2015, kwenye drafti, Denver Nuggets wakamchukua akiwa namba 7.

Hiyo miaka 18 niliyoitaja hata hapa kwetu ina maana. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kifungu cha 10 kinasema makubaliano yanakuwa mkataba pale yanapofanywa kwa ridhaa huru ya watu wenye uwezo wa kuingia mkataba, kwa malipo halali na kwa lengo halali. Kifungu cha 11 kinaeleza nani mwenye uwezo huo: aliyefikia utu uzima, mwenye akili timamu, na asiyezuiwa na sheria. Kwetu utu uzima ni miaka 18. Mtoto wa miaka 15 au 16 anayesainishwa karatasi na mtu anayejiita wakala, karatasi ile haimfungi yule mtoto. Nimesema haimfungi mtoto. Sijasema pesa ya mzazi itarudi.

Maana hili limetokea mtaani kwetu. Sitaji mtu. Kijana mrefu, anacheza vizuri, akapigiwa simu na mtu anayejiita skauti, akaambiwa kuna nafasi ya kwenda kucheza nje, kinachotakiwa ni laki nane tu za viza na usajili. Mama yake akauza ng'ombe wawili. Skauti hakuonekana tena, namba haipatikani. Sasa linganisheni na utaratibu wa wenzetu: wakala wa mchezaji wa NBA anasajiliwa na chama cha wachezaji, na ujira wake hauzidi asilimia 4 ya mshahara wa mchezaji. Asilimia ya mshahara. Yaani mchezaji asipolipwa, wakala naye hana chake. Ukikutana na wakala anayelipwa kabla yako, huyo anauza tiketi ya basi ambalo halipo.

Haya, Denver. Kwenye NBA mchezaji wa raundi ya kwanza mshahara wake haupangwi kwa kubembelezana. Kuna jedwali. Namba 1 anapata hiki, namba 7 anapata hiki. Miaka miwili ya kwanza imehakikishwa. Wa tatu na wa nne klabu ndiyo inaamua kama inaendelea. Mudiay mwaka wa kwanza alipata zaidi ya dola milioni 3. Akaanza vizuri: mechi 68, wastani wa pointi 12.8 na pasi za kufungisha 5.5, akaingia kikosi cha pili cha wachezaji bora wapya wa msimu. Machi 2016 alifunga kutoka mbali sana, kipenga kinalia, Denver wakaifunga Philadelphia kwa pointi moja. Mkiitafuta video mtaipata.

Lakini mpira wake ulikuwa na ugonjwa. Alikuwa anakosa. Mitupo yake iliyoingia msimu ule ilikuwa chini ya asilimia 40, na mipira alikuwa anaipoteza mingi. Mwaka uliofuata Denver wakamchukua gadi mwingine, Jamal Murray, naye pia kwa namba 7, na timu nzima ikaanza kujengwa kumzunguka Nikola Jokić, jitu refu linalotoa pasi kuliko magadi wenyewe. Mudiay akapoteza namba. Februari 2018 akahamishiwa New York Knicks, kwenye biashara ya timu tatu.

Neno "akahamishiwa" mlisikie vizuri. Hakuomba. Hakuulizwa. Asubuhi wewe ni wa Denver, jioni wewe ni wa New York, na mkataba wako unakufuata kama ulivyo. Wengine wanaona hili ni kama kuuzwa. Mimi nina mawazo mawili hapa. Upande mmoja ni kweli, mtu anahamishwa kama mzigo. Upande mwingine, mshahara ule ule, bima ile ile, miaka ile ile, vyote vinahamia kwa tajiri mpya na lazima avilipe. Hebu niambieni ni wangapi humu mgodi au kampuni mliyokuwa mnafanyia kazi ilibadilisha mkandarasi, na mkandarasi mpya akasema "mimi siwajui, anzeni upya"? Nyanyueni mikono. Mnaona. Mudiay alihamishwa bila kuulizwa, lakini hakuna aliyemwambia siwajui.

New York ndiko alikopata msimu wake bora, 2018 mpaka 2019, wastani wa pointi 14.8. Tatizo timu yenyewe ilishinda mechi 17 kati ya 82. Ukifunga sana kwenye timu inayofungwa sana watu wanasema takwimu zako ni za magwangala. Mkataba ukaisha. Akaenda Utah kwa mwaka mmoja. Ukaisha. Msimu uliofuata hakupata timu NBA. Mwaka 2021 akaenda Lithuania, Žalgiris Kaunas, hakudumu. Desemba 2021, wakati korona imezikumba timu na wachezaji wengi wako karantini, Sacramento wakamsainisha mkataba wa siku 10.

Siku kumi, makamanda. Mtu aliyesaini dola milioni 1.2 akiwa na miaka 18, akiwa na 25 anasaini siku kumi. Baadaye ameendelea kucheza, amefika mpaka Puerto Rico, anaishi kwa kazi yake. Lakini dirisha lile kubwa lilikuwa wazi kwa miaka kama mitano tu, na mkataba wake mnono kuliko yote aliusaini akiwa hajafikisha miaka 20.

Nikifika hapa kila mara kuna mtu ananiambia, "Kama Thabeet." Nilijua mtasema. Basi tumwongelee.

Hasheem Thabeet, mtoto wa Dar es Salaam, futi 7 na inchi 3. Yeye si gadi, ni senta, kazi yake kukaa chini ya goli na kuzuia. Alisoma Chuo Kikuu cha Connecticut kwa miaka mitatu, na mwaka 2009 Memphis Grizzlies wakamchukua akiwa namba 2 kwenye drafti. Mtanzania wa kwanza kucheza NBA. Namba 3 mwaka ule alikuwa James Harden. Namba 7 alikuwa Stephen Curry. Magadi wote wawili. Ndiyo maana Wamarekani mpaka leo wanamtania, na sisi Watanzania, badala ya kumtetea, tumejiunga na utani.

Februari 2010 Memphis walimshusha ligi ya chini, Dakota Wizards, na hadi wakati ule hakuwa amewahi kushushwa huko mchezaji aliyechukuliwa namba ya juu kiasi kile. Februari 2011 akapelekwa Houston, Machi 2012 Portland, halafu akacheza Oklahoma City misimu miwili. Baadaye Japani, Taiwan. Mimi nawauliza: kushushwa kule ligi ya chini kulimkata mshahara? Hapana. Mkataba wake ulikuwa umehakikishwa. Tungeacha kucheka tukauliza ni nani aliyeandika kifungu kile, na alikiandika kwa sababu gani, tungekuwa tumejifunza kitu chenye faida kwa mtu wa Mwadui, wa Bulyanhulu na wa Nyarugusu ya Geita (Geita nayo ina Nyarugusu yake, msichanganye).

Aliyefungua njia ya hayo yote ni gadi mwingine. Oscar Robertson, kazaliwa 1938, mtu mweusi aliyekulia Indianapolis enzi za ubaguzi, kasoma sekondari ya weusi watupu, Crispus Attucks. Msimu wa 1961 mpaka 1962 alipata wastani wa tarakimu mbili kwenye pointi, ribaundi na pasi za kufungisha kwa msimu mzima, kitu ambacho hakuna aliyekirudia kwa zaidi ya miaka 50. Lakini mimi nampendea jambo jingine. Kuanzia 1965 mpaka 1974 alikuwa rais wa chama cha wachezaji. Enzi zile mkataba ulikuwa na kifungu kinachompa mwenye klabu haki ya kuendelea kukushikilia hata muda ukiisha. Yaani mkataba wako umekwisha lakini wewe hujaisha, bado ni mali yake. Huwezi kwenda kwa mwingine anayekulipa zaidi.

Mwaka 1970 Robertson na wenzake wakaipeleka NBA mahakamani. Kesi ina jina lake, Robertson dhidi ya NBA. Hoja yao ilikuwa kwamba klabu zimekaa pamoja, zikakubaliana kutogombania wafanyakazi, na hilo linavunja sheria za ushindani. Kesi ikakaa miaka sita. Ikamalizika kwa makubaliano mwaka 1976, na kuanzia pale wachezaji wakaanza kupata, hatua kwa hatua, haki ya kuwa huru mkataba unapoisha. Robertson mwenyewe alikuwa ameshastaafu tangu 1974. Hakuna hata siku moja aliyocheza akiwa na uhuru alioupigania. Mudiay alipotoka New York kwenda Utah bila kumuomba mtu ruhusa, alikuwa anapita kwenye mlango uliovunjwa na gadi aliyestaafu miaka 22 kabla yeye hajazaliwa.

Na kule vyuoni alikokataa kwenda Mudiay? Juni 2021 Mahakama ya Juu ya Marekani, majaji tisa kwa tisa, iliamua kesi ya Alston dhidi ya chama cha michezo ya vyuo, ikasema chama hakiwezi kujificha nyuma ya neno "ridhaa" kuzuia wanamichezo wasipate faida zinazohusiana na masomo. Mwezi uliofuata wanafunzi wakaruhusiwa kulipwa kwa matumizi ya majina na sura zao. Dogo wa leo mwenye kipaji kama kile hana haja ya kupanda ndege kwenda Guangdong ili amsaidie mama yake.

Mwenyekiti ananionyesha vidole vitano. Sawa, nashuka nyumbani.

Mwaka 2017 Bunge lilitunga sheria ya mapitio ya masharti hasi kwenye mikataba ya maliasili. Mnaikumbuka, ilikuwa kipindi cha makinikia, ilipelekwa haraka haraka mpaka wabunge wetu wakalalamika hawajapewa muda wa kusoma. Siibishii leo. Ninachotaka mkione ni hiki: serikali, yenye mwanasheria mkuu, yenye wizara, yenye wataalamu waliosoma kwa kodi zetu, ilikiri kwa sheria kwamba kuna mikataba imesainiwa ina masharti mabaya. Sasa wewe uliyesaini juu ya tangi la pikipiki, kalamu ya kuazima, unadhani yako iko salama?

Nianze na pikipiki hiyo hiyo. Bodaboda ya mkataba. Tajiri anakupa chombo, unapeleka hesabu kila siku kwa miezi kumi na miwili au kumi na minne, ukimaliza chombo ni chako. Vizuri. Nimeisoma mikataba ya namna hii mingi, mingine mmenitumia picha kwenye simu. Mingi ina sentensi moja inayofanana: dereva akichelewesha hesabu siku mbili, tajiri anachukua chombo na fedha zilizolipwa hazirudi. Mtu amelipa miezi kumi na moja. Anaugua malaria siku mbili. Basi. Na mara nyingi hakuna sentensi inayosema tajiri akichelewesha kadi ya pikipiki yeye anafanywa nini. Muulizeni Mudiay, yeye aliumia kifundo cha mguu ugenini, mchezaji yeyote anayejitambua, swali lake la kwanza kwenye mkataba ni "nikiumia inakuwaje?" Liulizeni hilo kabla ya kuuliza hesabu ni shilingi ngapi.

Wale mlioajiriwa, awe mkandarasi wa mgodi, awe mwenye hoteli hapa mjini: Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 15, inamtaka mwajiri akupe maelezo ya kazi yako kwa maandishi. Asipokupa, na mkifika mbele ya usuluhishi mnabishana kuhusu makubaliano, mzigo wa kuthibitisha ni wake. Hii ni silaha na mmeiacha kabatini. Ukiachishwa isivyo halali una siku 30 kwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Siku 30 zinaanza kuhesabika ukiwa bado umekaa nyumbani unasubiri bosi apoe hasira.

Mlioko kwenye maduara, najua mikataba yenu ni ya mdomo. Mkataba wa mdomo ni mkataba, mahakama inautambua, msidanganywe. Shida yake ni ushahidi. Mkishagawana kwa asilimia mdomoni, mtu aandike hata kwenye daftari la shule, mwenye duara asaini, mashahidi wawili wasaini, tarehe iwekwe. Piga picha, mtumie dada yako aliyeko mbali. Na karatasi isiyolipiwa ushuru wa stempu inaweza kukataliwa kama kielelezo mahakamani mpaka ilipiwe, kwa hiyo ikifika hatua hiyo msishtuke mkaona mmeshindwa.

La mwisho ni viwanja. Sheria ya Madini, baada ya marekebisho ya 2017, kifungu cha 105, inamtaka mwenye leseni kila mwaka aandae mpango wa kurudisha kwa jamii na akubaliane na halmashauri. Halmashauri inatakiwa kuandaa mwongozo, kusimamia utekelezaji, na kuwaelimisha wananchi kuhusu miradi iliyomo. Kuwaelimisha ninyi. Kwenye mpira wa miguu tumeona kidogo: Stand United ilianzia kwa wana wa stendi pale Shinyanga ikafika Ligi Kuu, Geita Gold ilitoa mfungaji bora wa ligi msimu wa 2021/22, George Mpole, mabao 17, na misimu miwili baadaye timu ikashuka daraja. Kikapu je? Viwanja vingapi vya kikapu vimo kwenye mpango wa mwaka huu wa Geita, wa Msalala, wa Kahama? Ninyi mlio na madiwani wa upande wetu, hata kama ni mmoja, mwambieni auombe mpango huo kwenye kikao cha baraza, auombe kwa maandishi, apate na nakala ya barua iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Wasipojibu, hiyo nakala ndiyo tutaanza nayo.

Nimemaliza, mwenyekiti. Mimi na mwenzangu tutakuwa pale chini ya mwembe mpaka saa kumi na moja jioni. Bado hatujawa mawakili, hatutawasimamia kesi, tutawasomea na kuwaelekeza kwa wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa, ambao hawaruhusiwi kuwatoza pesa. Mwenye mkataba wa bodaboda aje nao. Mwenye wa duara aje na daftari. Na yule mama aliyeniambia asubuhi kwamba kuna mtu anamtafutia mwanae timu ya nje, naomba tuanze na wewe, na usimtumie chochote leo.